Barua ya wazi kwa wakuu wa chuo changu kuhusu lile desa la makabila

Kwa Mkurugenzi, Mkuu wa Taaluma na wajumbe wote wa Bodi,
Chuo cha waongoza watalii (jina mnalijua wenyewe, mimi silitaji),
Arusha.

YAH: KITINI CHA SOMO LA MAKABILA KINACHOENDELEA KUTUMIKA DARASANI

Waheshimiwa, shikamooni.

Naomba radhi kwanza kwa kuja hadharani, sikuanzia huku. Mwaka jana nilipita ofisi ya taaluma kwa miguu yangu, nikakaa kwenye lile benchi la nje toka saa tatu asubuhi mpaka saa saba, nikaambiwa mkuu yuko kwenye kikao. Nikaandika barua, ikagongwa muhuri wa kupokelewa, nakala ninayo. Miezi minne kimya. Nikatuma meseji WhatsApp kwa mmoja wenu, tiki mbili zikageuka bluu, na ikawa imeisha hiyo. Kwahiyo leo nasema mbele za watu, ila nasema kama mtoto wenu, maana mimi ni zao la hapo, cheti chenu kimetundikwa sebuleni kwa mama yangu kule Pasua, Moshi, na ugali ninaokula umetokana na hicho cheti.

Kwa msomaji asiyetujua, sisi ni wale tunaoendesha wageni mbugani na kuwaeleza wanachokiona, mtaani Arusha wanatuita magaidi, ni kile Kiingereza cha "guide" kikitamkwa na sisi. Mama aliposikia kwa jirani kwamba kijana wake kaenda Arusha kusomea ugaidi alikaa chini kabisa. Tunacheka mpaka leo, lakini ndo ujue neno lina uzito kulingana na sikio linaloingia.

Sasa niwaeleze kilichotokea, maana bila hiki labda ningeendelea kunyamaza.

Nilikuwa na wageni wawili, mume na mke, Waafrika Weusi kutoka Afrika Kusini, wa Eastern Cape. Walimu wote wawili, watu wapole sana, wamelipa hela yao waje waone Afrika nyingine. Tumetoka Karatu tunashuka kwenda Mang'ola, Ziwa Eyasi, ile barabara ya vumbi inayokutingisha mpaka meno. Pembeni yangu nimempakia dogo wa field, mwanafunzi wenu wa sasa, kijana mzuri mwenye bidii, kitini chenu kipo mapajani kimechorwa mistari ya kalamu ya njano kila mahali. Nikamwambia haya dogo, zungumza na wageni, jizoeze. Akageuka nyuma na tabasamu lake, akawaambia kwa furaha kabisa kwamba amesoma habari zao, kwamba watu wa kwao zamani walijulikana kama "Kaffirs" na nchi yao ilikuwa inaitwa "Kaffraria".

Yule mama akavua miwani ya jua. Hakusema kitu. Mumewe akauliza kwa sauti ya chini, ya mwalimu hasa, "Umesoma wapi hilo?" Na dogo, Mungu amsamehe, akadhani amesifiwa, akanyanyua kitini akamwonyesha ukurasa. Pale juu kuna nembo yenu.

Mimi nilisimamisha gari nikashuka nikajifanya naangalia tairi.

Hayajaisha. Mchana wa siku hiyohiyo tukafika kwa mafundi chuma, wale wanaofua bangili na vichwa vya mishale kutokana na kufuli mbovu na misumari. Dogo keshatulia sasa, nimemsemesha, anajaribu kurekebisha siku, akamtambulisha mzee kwa wageni kwamba huyu ni fundi wa Kimang'ati. Mzee anasikia Kiswahili vizuri tu. Akaacha kuvuta mivukuto, mkono ukabaki juu ya ile ngozi, akamuuliza, "Mjukuu wangu, mimi ni adui wa nani?"

Dogo hakuelewa swali. Na hakuelewa kwa sababu hamkumfundisha. Ndo maana naandika. Nitaweka namba ili msije mkasema sikueleweka.

1. Kuhusu hilo neno la kwanza, "Kaffir". Asili yake ni Kiarabu, maana yake asiyeamini, na sisi mpaka leo tunasema kafiri kwenye mambo ya dini, ndo maana sikio la Mswahili halishtuki. Wareno walilidaka huku pwani ya Afrika Mashariki, likashuka kusini na meli, likafika mikononi mwa walowezi likawa jina la watu wazima wenye majina yao. Waingereza waliunda mpaka koloni kwa jina hilo, British Kaffraria, toka 1847 hadi 1866, huko huko Eastern Cape walikotoka wageni wangu. Halafu kwenye miaka ya ubaguzi ndilo lililokuwa linasemwa na polisi, na bosi, na mtoto mdogo wa bosi akimwita mzee anayemkatia majani. Leo kule watu hawalitamki, wanasema tu neno la K, na mwaka 2018 mahakama ilimfunga jela mwanamke aliyewatolea polisi Weusi hilo neno tena na tena. Yaani kitu kinachompeleka mtu jela Johannesburg sisi tunamkaririsha mtoto kwa ajili ya mtihani. Na kitini hakisemi hata sentensi moja kwamba ni tusi, kimeliweka kwenye jedwali kama vile unavyoweka jina la ndege na jina lake la Kilatini.

2. Mang'ati, Ndorobo, Watindiga. Haya ni ya hapa kwetu kwahiyo kisingizio cha umbali hakipo. Mang'ati ni neno la Kimaasai, maana yake adui, Wamaasai waliwaita hivyo Wadatoga walipokuwa wanapigania malisho, na ni haki yao, walikuwa vitani. Lakini vita si vyetu, mimi Mchagga nimefuata nini humo mpaka nimwite mzee wa watu adui kwenye boma lake? Ndorobo nalo ni la Wamaasai hao hao, waliwaita hivyo watu wasio na ng'ombe, maskini, wale wanaoishi kwa kuwinda na kurina asali. Kwa hiyo Waakie wa kule Simanjiro wanatambulishwa kwa wageni kwa kile ambacho jirani anaona hawana. Na Wahadzabe mmewaandika Watindiga, halafu kwenye mabano mmeandika ni "mabaki ya Hottentot na Bushmen". Jamani. Hottentot ni dhihaka ya Waholanzi walioshuka pale Cape kwa lugha ya watu wasioielewa, wenyewe ni Wakhoikhoi. Bushmen ni watu wa vichakani, leo wanatajwa zaidi kama Wasan. Na Kihadza kina zile sauti za kudonoa ulimi ndio, ila wataalamu wa lugha hawajaweza kukiunganisha na lugha yoyote nyingine duniani, kimesimama peke yake. Hiyo ndio habari ya kumpa mgeni! Mgeni anayesikia hivyo anafungua daftari anaandika. Nyinyi mmeificha chini ya neno "mabaki".

Na mimi si malaika, niseme ukweli. Nimesema Wamang'ati miaka sita mfululizo, mbele ya wenyewe, na hakuna aliyenikemea kwa sababu nilikuwa naleta wageni na wageni wananunua bangili.

3. Wahamiti. Hapa naomba mkae mnisikilize vizuri, maana hili ndilo linaloniuma kuliko yote.

Kitini kinasema Wamaasai ni "Nilo-Hamiti", Wairaqw ni "Wahamiti" (na mmewaita Wambulu, wakati Mbulu ni mahali), halafu ukurasa unaofuata kinasema Wahamiti ndio walioleta ufugaji na utawala kwa Wabantu. Mnajua hiyo kitu imetoka wapi? Wazungu walipofika maziwa makuu wakakuta falme zimepangika, wana mahakama, wana majeshi, wana ng'ombe wasiohesabika, wakashindwa kumeza kwamba mtu mweusi ndo kafanya. Ikabidi atafutwe mtu mwingine. Speke, huyo huyo aliyelibatiza Ziwa Victoria, akaandika kwenye kitabu chake cha 1863 kwamba watawala wale lazima walishuka kutoka Ethiopia, ni mbari nyingine, karibu na Wazungu. Mwaka 1930 Mwingereza anaitwa Seligman akaifanya somo kamili, ustaarabu wote wa Afrika ni wa Wahamiti, wafugaji weupe-weupe waliowakuta wakulima weusi wamelala. Jina lenyewe ni la Hamu mwana wa Nuhu, na kituko ni kwamba kabla ya hapo Hamu huyo huyo alikuwa anatumika kuhalalisha utumwa wa watu weusi, eti amelaaniwa, na ukifungua Mwanzo 9 unakuta aliyelaaniwa wala sio Hamu, ni Kanaani. Karne moja ni laana ya mweusi, karne inayofuata ni sifa ya mweupe, jina ni hilo hilo.

Wabelgiji wakaichukua wakaipeleka Rwanda. Mtutsi ni Mhamiti, mgeni, kazaliwa kutawala, Mhutu ni Mbantu, kazaliwa kulima. Miaka ya 1930 wakaiandika kwenye vitambulisho, kila mtu na lake, mtoto anarithi la baba. Na neno lililoanza kama sifa likageuka kuwa hukumu, maana ukishamwambia mtu yeye ni mgeni kutoka Ethiopia kuna siku atatokea wa kumwambia arudi. Akatokea. Novemba 1992 mwanasiasa mmoja kule Rwanda alisimama kwenye mkutano akasema kwao Watutsi ni Ethiopia na watawarudisha kwa njia ya mkato, kupitia mto Nyabarongo. Mwaka 1994 mto Nyabarongo ulibeba maiti.

Waheshimiwa, kesi za yale mauaji zilisikilizwa wapi? Sio Geneva. Ni hapo Arusha mjini, kwenye jengo la AICC, kile kituo cha mikutano ya kimataifa, ile Mahakama ya Kimataifa ya Rwanda, imekaa mpaka mwisho wa 2015, watu 93 walifunguliwa mashtaka. Wanafunzi wenu wanapita hapo na boda wakija darasani. Kaka yangu mkubwa alikuwa anaendesha kibasi cha wafanyakazi wa ile mahakama, anasema kuna siku wakalimani walikuwa wanapanda jioni wamekaa kila mtu dirishani kwake, hakuna anayeongea mpaka Njiro, yeye anazima redio mwenyewe bila kuambiwa. Halafu mtoto anashuka kwenye boda, anavuka hilo jengo, anaingia darasani kwenu, anafundishwa kwamba Wahamiti walileta utawala kwa Wabantu.

Wataalamu wa lugha waliliacha hilo neno zamani. Tangu Greenberg alipochapa mpangilio wake wa lugha za Afrika mwaka 1963 kinachofundishwa ni kwamba Kimaasai na Kidatoga ni za Kiniloti, Kiiraqw ni cha Kikushi, basi, ni familia za lugha na sio daraja la damu. Hata "Bantu" libaki la lugha, lina maana ya watu na ni neno zuri, ila muwaambie vijana kwamba Afrika Kusini serikali ya ubaguzi ililifanya kuwa kabila la chini, ikatunga sheria ya elimu ya Wabantu mwaka 1953 ili mtoto mweusi afundishwe kidogo, kwahiyo ukimwita mgeni wa kule "you Bantu" umemrudisha huko.

4. Lile jedwali la "mbari za dunia": Caucasoid, Negroid, Mongoloid. Sijui linafanya nini kwenye kitini cha kuonyesha tembo, ila kwa kuwa mmeliweka. Neno la kwanza lilienezwa na profesa mmoja wa Göttingen, Ujerumani, Blumenbach, mwaka 1795, aliwapa Wazungu jina la milima ya Kaukasi kwa sababu alikuwa na fuvu la mwanamke wa Georgia ambalo yeye aliliona zuri kuliko yote kabatini. Ndo sababu. La tatu madaktari walikuja kulibandika kwa watoto wenye Down Syndrome, mpaka nchi ya Mongolia ikaenda kulalamika na Shirika la Afya Duniani likaliacha mwaka 1965. Unaona, hata hao walilalamika na wakasikilizwa.

Na sisi wa Moshi hatusomi habari za mafuvu kama hadithi. Tarehe 2 Machi 1900 Wajerumani walimnyonga Mangi (yaani chifu) Meli na wenzake kule Old Moshi. Ndugu zake wanaamini kichwa chake kilipelekwa Ujerumani, wamekitafuta miaka na miaka. Wakati ule kulikuwa na bwana anaitwa von Luschan, Berlin, mwenye kile kipimo cha vioo 36 vya kulinganisha rangi ya ngozi, alikuwa anaandikia maofisa na madaktari makoloni wamletee mafuvu, na waliyaleta, maelfu. Walikuwa wanayapima ili wajaze majedwali kama hilo lenu. Septemba 2023 Berlin walitangaza kwamba vipimo vya DNA vimepata familia za baadhi ya mafuvu hayo, moja likiwa la akida wa Mangi Meli, na wajukuu wapo hai, hapa hapa mlimani. Mwanafunzi wenu mmoja anaweza kuwa wa ukoo huo. Anajaza hilo jedwali kwenye mtihani, anapata alama mbili.

5. Madogo madogo: ni Maasai sio "Masai", wanaoongea Maa. Ramani yenu bado ina Abyssinia na Ziwa Rudolf (limeitwa Turkana toka 1975). Na ukurasa wa mwisho mnatuita sisi wote "natives".

Sasa najua mtakachosema, nimeshaanza kukisikia kwa wakufunzi.

Mtasema ni maneno ya kitaalamu, yamo vitabuni. Yamo, vitabu vya lini? Kitini kimetolewa fotokopi ya fotokopi, kuna kurasa zina alama ya pini ya zamani, kabla mimi sijazaliwa.

Mtasema wageni wenyewe ndio wanayatumia. Wengine ndiyo. Mzee wa Kiingereza akisema "natives" mimi nacheka nageuza mazungumzo, ni mgeni, ataondoka Jumanne. Mimi ndo mwenyeji.

Mtasema hata wenyewe wanajiita Mang'ati. Wapo, mbele ya mgeni, kurahisisha. Mimi pia najiita Chagga, na babu yangu alikuwa akisema yeye ni wa Kibosho, hilo Chagga lilikuwa la watu wa misafara ya pwani na wamisionari, Rebmann aliliandika alipouona mlima mwaka 1848. Likatukalia, tukalipenda, ni letu sasa. Jina linaweza kutoka nje na mtu akalimiliki, sina ugomvi. Tofauti ni kwamba sisi tuliulizwa na miaka mia moja na zaidi, yule mzee wa mivukuto aliulizwa na nani?

Mtasema nataka kufuta historia. Hapana, nataka iongezwe. Kilele cha Kibo, Mjerumani Hans Meyer alikiita cha Kaiser Wilhelm mwaka 1889, na usiku wa Uhuru 1961 Luteni Nyirenda akapandisha bendera na mwenge kikawa Uhuru. Mimi nawaeleza wageni majina yote mawili kila wiki na wanapenda, kwa sababu nasema nani aliita, lini, kwa nini likafa. Ila simwambii mgeni nampeleka kilele cha Kaiser. Hata mshenzi, lile la watu wa pwani kwa sisi wa bara, liwekwe humo, tusijifanye wachafu ni Wazungu tu. (Shanty Town ya Moshi, yaani "mji wa mabanda", mnaweza kuiacha, mitaa ya matajiri kuitwa hivyo ni kichekesho chetu wenyewe.)

Na mtasema bajeti. Hicho kitini mnawauzia wanafunzi. Mnawauzia.

Ninachoomba ni hiki. Kitini kisitishwe kabla ya muhula mpya haujaanza, hata kama mtafundisha bila kitini. Kipya kiandikwe na Wahadzabe, Wadatoga, Waakie na Wairaqw wakiwa mezani, walipwe kama mnavyowalipa wakufunzi, na waulizwe kwanza wanataka waitweje. Maneno ya zamani yawekwe sehemu yake, kila moja na nani alimwita nani, mwaka, na kwa nini limeachwa, maana kijana atakutana nayo kwenye makumbusho na kwenye midomo ya wageni na anatakiwa ayajue. Sisi wahitimu mtutumie ujumbe kwamba tulifundishwa vibaya, namba zetu mnazo, za kuomba michango ya mahafali huwa zinafika. Na hii barua ijibiwe kwa maandishi ndani ya siku 30.

Wageni wangu wa Eastern Cape hawakulalamika popote, jioni ile walimwita dogo mezani wakamweleza mpaka saa nne usiku, na yule mama alimwambia kosa si lako mwanangu. Mimi niliwalipia chai, ndo nilichoweza.

Dogo bado yuko na mimi mpaka mwisho wa mwezi. Kitini chake kiko kwenye dashibodi, amekirudia chote kwa kalamu nyekundu, kila neno kaandika pembeni swali moja tu: nani aliwaita hivi? Mkikihitaji kwa kuanzia mje mkichukue, gari inalala Pasua kila siku isipokuwa tukiwa safari.

Wenu mtiifu,
Mhitimu wenu, muongoza wageni,
Moshi.